Hukunidanganya Kuingia Majini

Timau, Jumanne mchana

Kwa dada yangu Wawira,

Natumai barua hii imekukuta umeketi, na lile goti limepunguza kukusumbua. Mimi huku niko mzima wa mwili. Baridi ya Timau ni ile inatoka mlimani moja kwa moja, asubuhi ukiongea unatoa moshi kama jiko, lakini tulipewa makoti ya kazi na gumbuti na sijalala mgonjwa hata siku moja. Mama anaendeleaje? Niliambiwa ng'ombe amezaa. Mama ameacha kwenda kukata majani peke yake, ama bado ni mbishi?

Najua ukiona mwandiko wangu utataka kuiweka hii kando. Nimekupigia simu mara nne, inalia mpaka inakatika, na sikulaumu. Lakini kabla hujaiweka kando, soma hili moja tu. Kuna karatasi inatafutiwa sahihi yangu ili mwenye nyumba akutoe kwa kile chumba chako cha kushona hapo mtaa wa Dallas, Embu. Wazee wa kanisa wanataka uwe umetoka mwisho wa mwezi. Mtu akija akwambie Nyaga ameshakubali, usimwamini. Usihamishe cherehani. Sijaweka sahihi. Karatasi yenyewe iko ndani ya bahasha hii, itoe uisome.

Ninaandika Kiswahili kwa sababu kwa kikundi chenu cha maombi kuna Wameru na kuna Wakamba, na nataka uisome mbele yao wote Jumamosi. Hata hivyo Kiembu cha kuandika hunishinda, unajua mimi niliachia kidato cha pili. Anayeileta ni Muthoni, msichana anayepanga mboga kwa maboksi hapa shambani, kwao ni huko Embu. Anaenda likizo Ijumaa. Bahasha nimeizungushia selotepu ya kufungia maboksi mara tatu. Muthoni hajanifanyia ubaya wowote. Ni vile mimi siku hizi siamini mtu.

Wacha nikwambie kazi yangu, maana nilitoka bila kuaga. Mimi ni mlinzi wa geti. Jioni watu wakitoka, mimi ndiye nafungua mikoba yao niangalie kama wamebeba brokoli ama makasi ya kampuni. Kazi yote ni kushuku. Mtu akitabasamu sana nashuku, akiinama nashuku. Kuna mama mmoja wa kutoka Githongo anaitwa Kathure, mdomo wake hauna breki. Juzi nilimwambia afungue mkoba, na ndani kulikuwa na kopo la chakula na Biblia tu. Nikafungua hata Biblia, nikaipekua kurasa. Akaniambia mbele ya laini yote, "Mzee, wewe hata ukifika mbinguni utaanza na kupekua malaika kwa mabawa." Watu wakacheka. Mimi pia nikacheka, lakini nilishikwa na aibu mpaka miguuni, kwa sababu nilikumbuka mahali nilipojifunzia hiyo kazi. Sikujifunzia hapa. Nilijifunzia kwako.

Sasa hiyo karatasi. Alhamisi iliyopita Mzee Namu, mwenyekiti wa wazee wa kanisa letu, alikuja hapa getini na gari yake. Nilimtambua kabla hajashuka na nikajua hakuja kuniona. Mtu hatoki Embu mpaka Timau kuuliza habari ya baridi. Tukaketi kwa hoteli ya kando ya barabara, akaniagizia chai na chapati mbili, na vile alilipa kabla hatujakula nikashuku zaidi.

"Nyaga," akasema, "wazee wamekuhurumia."

"Wamenihurumia aje?"

"Wameona ulipotea lakini hukupotea mwenyewe. Ulipotezwa." Akatoa karatasi kwa bahasha ya kaki, imepigwa chapa vizuri. "Soma pole pole. Haina haraka."

Utaisoma mwenyewe, lakini hao wengine wasikie. Inasema kwamba mimi Nyaga, nikiwa mzee wa kanisa, nilialikwa na dada yangu Wawira kwa chumba chake nikiambiwa ni maombi ya kawaida. Inasema nilibatizwa mtoni bila kuelezwa kwamba kikundi hicho kinafundisha Mungu wa nafsi mbili, Baba na Mwana peke yake, na kwamba kinamkana Roho Mtakatifu. Inaisha na neno moja, "Nilidanganywa." Chini kuna sahihi tatu za wazee, na laini moja iko wazi.

Nikamuuliza Namu hii itaenda wapi. Akazunguka zunguka. Nikamuuliza tena. Akasema mwenye nyumba wako ni mtu wa kanisa, kama unavyojua, lakini ni mtu wa haki. Amekataa kutoa mpangaji anayelipa vizuri eti kwa sababu ya vile anavyoomba. Lakini akionyeshwa kwamba chumba chake kinatumiwa kudanganya watu, hapo atatoa notisi.

"Kwa hivyo hii ni ya kumtoa Wawira," nikasema.

"Hii ni ya kukurudisha wewe," akasema. "Ukiweka sahihi, Jumapili inayofuata kiti chako unakipata. Mke wako aimbe bila watu kumwangalia mgongo. Nitarudi Alhamisi niichukue."

Aliniachia karatasi. Nilidhani ni kwa sababu ananiamini. Baadaye nikaelewa anataka ilale na mimi, inizoee. Na kweli siku tatu za kwanza, dada, nilikuwa karibu kuweka. Mke wangu, Mama Kawira, alipiga simu Ijumaa, na nikajua Namu alishapita kwake.

"Baba Kawira, si uweke tu? Ni karatasi."

"Inasema uongo."

"Na wewe umeanza lini kuogopa uongo?"

Hakusema kwa hasira. Alisema kama mtu anayeuliza bei ya nyanya. Akaendelea, akaniambia amechoka kukaa kwa kwaya kama mjane ambaye mume wake yuko hai, na kwamba nisipoweka hiyo sahihi basi nikae na baridi yangu huku. Sijui kama alimaanisha. Lakini alikata simu, na tangu siku hiyo ananijibu na meseji fupi.

Ndio maana naandika. Wewe unajua kipande cha haya maneno, na Namu anajua kipande kingine. Mimi peke yangu ndiye najua yote. Wacha niyaseme.

Ilianza na Neema, ile sala ya kufungia maombi. Unakumbuka ile siku tulikusanyika kwa mama alipotoka hospitali, tukachinja mbuzi. Tulipomaliza kula tukasimama kusema Neema, kila mtu akiangalia mwenzake kama kawaida. Mimi nilikuwa nakuangalia wewe. Ulisema sehemu ya Bwana Yesu, ukasema sehemu ya upendo wa Mungu, na tulipofika ushirika wa Roho Mtakatifu mdomo wako ukafunga. Hukujificha. Ulifunga tu, ukangoja sisi tumalize, ukasema amina. Hakuna mwingine aliyeona. Lakini mimi tangu hapo sikuwahi kusema Neema tena kwa maombi. Nilikuwa naisema kama mtu anayevizia panya. Kwa ruracio ya binti ya mjomba, siku ya kuleta mahari, nilikuangalia. Kwa mazishi ya jirani nilijipanga mpaka mbele yako, nikakuangalia. Kila mara, wakifika hapo kwa Roho, mdomo wako unafunga.

Ungeniuliza kwa nini sikukuuliza, wewe ni dada yangu, ulinibeba mgongoni. Jibu ni aibu lakini nitalitoa. Siku hiyo ya mbuzi, mama alipotaka chakula kiombewe, mimi nilishasimama, nimeshavua kofia. Mimi mzee wa kanisa. Mama akapita na macho juu yangu akasema, "Wawira, tuombee." Ni hiyo. Haikuwa Mungu watatu wala wawili. Nilitafuta kasoro kwako kwanza, nikaipata baadaye.

Nilienda kwa Namu nikamwambia dada yangu amejiunga na Watu wa Wawili, kama mnavyoitwa hapo mjini. Namu akaniambia, "Mdomo kufungwa si ushahidi. Labda ana jino." Akasema nilete kitu cha kushika. Hakunituma, hilo nalo niseme. Nilijituma.

Kwa hivyo nikaanza kuja kwa chumba chako Jumamosi mnapoomba. Ulifurahi mpaka ukasahau sindano mdomoni. Ulinipa kiti cha wateja, ukanipa chai na nduma, na mimi nilikuwa na kitabu kidogo ndani ya kava ya Biblia. Nilikuwa naandika nani amesema nini. Unakumbuka vile nilikuuliza maswali mengi, ukamwambia mzee Ireri anayewaongoza, "Ndugu yangu ana kiu." Haikuwa kiu.

Ile siku nilikuuliza mbele ya wote, "Sasa Roho Mtakatifu mmemtupa wapi?" nilitaka useme neno baya niliandike. Ulisimamisha cherehani. Ukasema, "Nyaga, mimi nina pumzi?"

"Unayo."

"Pumzi yangu ni yangu ama ni dada yako wa pili?"

Watu wakacheka. Nikasema, "Lakini Roho anahuzunika, ndivyo tulifundishwa. Pumzi inaweza kuhuzunika?"

Ukasema, "Mama akilia watu husema roho yake imelia. Ushawahi kumwekea huyo roho wa mama sahani yake?" Halafu ukaacha mzaha. Ulisema hamumkani Roho hata kidogo. Ulisema bila Roho huwezi hata kuamka. Ila wewe unaona Roho ni Mungu mwenyewe akifanya kazi, nguvu yake na pumzi yake, na ukisoma unaona Baba na Mwana wakiongea, wakipendana, lakini wa tatu wa kuketi nao humwoni. Ukasema, "Na kama nimekosea, Mungu atanisahihisha. Lakini siwezi kusema na mdomo kitu ambacho moyo haujaona."

Hayo maneno ya mwisho sikuyaandika kwa kitabu. Nilishika kalamu nikaiacha. Nilijua nikimpelekea Namu hayo, hayatanisaidia.

Halafu ni maji. Ireri alikuwa na kile kitabu kikubwa cheusi cha majina, na hakuna mtu aliyekifungua isipokuwa waliobatizwa, siku wanayoandika jina lao. Nilishuku kuna watu wa kanisa letu ndani, watu wanaoketi na sisi Jumapili. Nikaona hakuna njia nyingine ya kukifikia. Nikasema nimeamini.

Wewe mwenyewe ulinipima kanzu. Hiyo ndiyo hunirudia hapa kila nikivaa koti ya kazi. Ulipitisha tepu mabegani, ukapitisha kifuani, ukasema nimekonda, mke wangu ananinyima nini. Uliweka vijiwe vidogo kwa pindo, ukanieleza ni ili kanzu isielee mtu akiingia mtoni akaaibika. Ulishona moja moja. Na mimi nimesimama hapo mikono juu kama mtu anayepekuliwa, na hukuona kitu.

Pale mto Rupingazi, Ireri, ambaye ni mwashi tu lakini maswali yake ni mazito, alinishika mkono maji yakiwa kiunoni. Akaniuliza kama naamini Mungu ni mmoja. Nikasema naamini. Akaniuliza kama naamini Mwana wake ni Mungu pamoja naye. Nikasema naamini. Akaniangalia. Akasema, "Na unaingia kwa moyo wako, ama kuna mtu amekuleta?"

Nikasema, "Kwa moyo wangu. Hakuna mtu amenileta."

Hakuna mtu aliyenileta, kweli. Nusu hiyo ilikuwa kweli.

Akanizamisha kwa jina la Baba, nikatoka. Akanizamisha kwa jina la Mwana, nikatoka. Na mimi, dada, nikavuta pumzi tena nikafunga macho na kushika pua, nangoja ya tatu. Kwetu tangu utoto mchungaji hunyunyiza mara tatu, mwili wangu unajua. Nilisimama hapo nimefura mashavu mpaka nikasikia watu wanacheka kwenye ukingo, na Ireri akanigonga bega akasema, "Toka, mzee. Imeisha." Wewe ulicheka mpaka ukalia. Ulinifunika na leso. Na wakati unanifunika nilikuwa naangalia kile kitabu cheusi juu ya jiwe.

Niliandika jina langu, la kumi. Mlipoenda kuchukua chai, nikapiga picha ukurasa.

Iliyobaki mliiona. Lakini kuna kitu hao wengine hawajui na wewe hukuwahi kuwaambia, nimeuliza. Ni mimi nilikualika kanisani ile Jumapili. Nilikwambia, "Mimi nimekuja Jumamosi nyingi, na wewe njoo Jumapili moja." Ukavaa ile rinda ya kijani. Uliketi nyuma karibu na mlango. Nikasimama na ile karatasi yangu nikasoma majina tisa. Nilikuwa nimesoma la nne nilipoona yule mama mzee wa mboga, mwenye jina hilo, mwenzetu wa miaka yote kanisani, anashika benchi ya mbele kama gari imefunga breki. Nikaendelea. Nilisoma lako la mwisho ili liwe na uzito.

Ulisimama. Kanisa lote liligeuka. Nilijua sasa utanivua nguo. Ulisema tu, "Nyaga, nenda ukaone mama leo, dawa zake zimeisha." Ukatoka. Hukusema jina la kumi ni nani.

Lilijisema lenyewe. Kwa ofisi ya wazee niliwapa simu waone picha, kwa sababu Namu alitaka kitu cha kushika. Namu akaivuta na vidole viwili ikawa kubwa. Akasoma polepole mpaka chini. Akasema, "Na huyu Nyaga wa kumi ni nani?"

Nikasema ni mimi, lakini ni kwa ajili ya upelelezi.

"Uliandika jina tu, ama uliingia maji?"

"Niliingia."

"Ukitumwa kuchunguza chang'aa," akasema, "unakunywa?"

"Ilikuwa njia ya kufikia kitabu."

"Ulisema unaamini?"

"Nilisema."

"Mbele ya Mungu?"

Mmoja wa wazee, yule mwalimu mstaafu, akasema kitu ambacho bado nakizungusha kichwani. Alisema, "Kama aliwadanganya wale, sisi tutajua aje hatudanganyi sisi? Na kama hakuwadanganya, basi ni mtu wao." Kila mlango ulikuwa umefungwa na mimi ndiye nilifunga. Wakaniondoa kwa uzee, wakaniambia nikae nyuma miezi sita. Sikukaa hata miwili. Nilihisi watu wanaangalia mdomo wangu wakati wa Neema. Haki ya Mungu, kama haikuwa kweli basi nilikuwa naumwa. Nikapata hii kazi, nikatoka.

Sasa uniulize mimi naamini nini. Koome, tunayekaa naye chumba kimoja, ameniuliza hivyo pia. Yeye ni mkulima wa kahawa wa Githongo aliyekuja huku kutafuta mshahara. Amekuwa akinipita mlangoni leo tangu nianze kuandika. "Mlinzi anaandika ripoti hata siku yake ya kupumzika?" akasema. Nikamwambia ni barua. "Barua ndefu hivyo ni kesi," akasema. Nikamweleza kidogo. Akanisikiliza mpaka mwisho, akasema, "Kwetu tunasema ni watatu na sijawahi kulala njaa kwa sababu hiyo. Lakini wewe shida yako haiko kwa hesabu ya Mungu."

Nafikiri ameona vizuri. Sijui, dada. Huku Jumapili tunakusanyika wafanyakazi kwa ukumbi wa chakula, na tukimaliza tunasema Neema. Nikifika kwa Roho, kuna siku nasema na kuna siku sauti haitoki, na zote mbili najishuku. Nikisema, najiuliza kama ni kwa sababu naamini ama naogopa Kathure ananiangalia. Nikinyamaza, najiuliza kama ni imani ama ni deni langu kwako. Mimi si mtu wa kuamua Mungu ako na nafsi ngapi. Watu wamesoma vitabu vikubwa na hawajakubaliana. Ninachojua ni kwamba wewe ulinyamaza kwa sababu hukutaka kudanganya, na mimi nilitamka kwa sababu nilitaka kudanganya, na nikakushtaki wewe.

Hata hii barua naishuku. Nimejiuliza kama ninaandika ili nipone ama ili nionekane. Ndio maana sitakuomba unisamehe kwa karatasi. Ninaomba vitu viwili tu: uisome mbele ya wale wengine wanane. Na mwambie mzee Ireri anifute kwa kitabu. Sikuingia maji yenu. Nilipita ndani yake tu.

Ile karatasi ya wazee nimeandika nyuma yake kwa mkono wangu, na huko ndiko nimeweka sahihi. Nimesema sikudanganywa. Nimesema kila Jumamosi nilielezwa wazi mnachoamini, na kwamba dada yangu hakunificha hata neno. Nimesema mimi ndiye nilidanganya kikundi, kisha nikadanganya wazee. Nimeweka na namba ya kitambulisho. Mpelekee mwenye nyumba wewe mwenyewe, asome pande zote mbili, aone sahihi za wale watatu upande mmoja na yangu upande mwingine. Umesema ni mtu wa haki siku zote. Tutaona.

Alhamisi

Bado Muthoni hajaenda, nimefungua bahasha tena niongeze hii. Selotepu ilinishinda, utaona nimekata na kisu.

Namu amekuja saa nne asubuhi, nikiwa kazini. Hakushuka. Alitoa mkono kwa dirisha la gari, kiganja juu, kama mtu anayengoja risiti.

Nikamwambia, "Mzee, ile karatasi inaenda kwa Wawira."

"Umeweka sahihi?"

"Nimeweka. Lakini si pale mlipoacha."

Alizima gari. Akaangalia mashamba ya ngano upande ule mwingine, akasema, "Kwa hivyo umekuwa wa wale."

"Sijui mimi ni wa nani. Najua hiyo karatasi ni uongo, na wewe pia unajua. Wewe ndiye ulisoma jina la kumi."

"Na Mama Kawira?"

Hapo ndipo aliponiweza. Nikamwambia nitampigia simu mimi mwenyewe kabla gari yake haijafika Embu. Akasema, "Nyaga, hutazikwa na kanisa." Alisema kwa huruma kabisa, si vitisho, na mimi nilimwamini. Akawasha gari akageuza.

Nimempigia Mama Kawira. Nimemwambia yote haya, tangu mbuzi mpaka leo, kwa sababu hata yeye nilikuwa nimempa kipande tu. Nilidhani simu imekatika, nikaangalia, bado dakika zinahesabu. Mwishoni akasema, "Jumamosi nitaenda Dallas nisikie ikisomwa." Sijui anakuja kukufanyia nini. Anaweza kuja kulia, anaweza kuja kugombana, mimi sijamwelewa. Akija, mpe kiti cha wateja.

Nisalimie mama, na umwambie nimesema nyasi akate binti ya jirani. Salamu kwa binti yangu Kawira akipita hapo kuchukua yunifomu. Salamu kwa mzee Ireri, na umwambie nilimjibu uongo akiwa amenishika mkono. Salamu kwa mama wa mboga, huyo nitamwandikia peke yake. Na mwenye nyumba pia umsalimie, ingawa sijui ataamua nini.

Ukipokea, usinipigie simu kama hutaki. Mwambie tu Muthoni alete habari moja, kama cherehani bado iko mahali pake.

Mimi ni ndugu yako mdogo,
Nyaga